Jina la Namba Kumi na Saba

Ansbert Rugaimukamu hakuwa na desturi ya kuitazama filamu kabla ya kuisimulia. Wasimuliaji wengine wa Kariakoo walikaa nayo siku mbili tatu, wakaandika pembeni, wakarudi nyuma, wakasonga mbele. Yeye alifunga mlango, akazima feni, akavaa hedifoni, akabonyeza kitufe na kuanza kusema kwa Kiswahili kile ambacho wazungu walikuwa wakikisema kwa Kiingereza. Kilichomshtua mtazamaji kilimshtua na yeye. Mtu akichomwa kisu pale kwenye skrini, "Mungu wangu!" ya Ansbert ilikuwa ya kweli, na watu wa Masasi, Tunduma na Sengerema waliokuwa wakizinunua kazi zake walijua tofauti.

"Anayejua mwisho," alipenda kusema, "anasimulia kama karani anayesoma majina ya waliofaulu."

Studio yake ilikuwa chumba kimoja ghorofa ya tatu, Mtaa wa Narung'ombe, nyuma ya stoo ya mabegi. Kuta zilibandikwa sponji za magodoro yaliyochakaa ili honi na kelele za wapiga debe zisipenye. Joto lilipenya bila shida. Feni ikizimwa, Ansbert alibaki na singlendi, taulo shingoni, na chupa ya chai ya tangawizi miguuni. Adhana ilipoanza alisimamisha kazi, si kwa kuwa alikuwa Mwislamu, bali kwa sababu hakuna sponji iliyowahi kuizuia.

Chini kabisa, kwenye frem inayotazama barabara, lilikuwapo duka la Manan. Baba yake, mzee Kanubhai, aliuza kanda za video mahali hapohapo tangu enzi za deki. Manan aliuza flashi, redio na filamu zilizokwisha kusimuliwa. Mzee bado alikuja kila asubuhi, akakaa kwenye kiti chake cha plastiki mlangoni, akasoma gazeti hadi kwenye matangazo ya vifo.

Kabla ya kazi hii Ansbert alikuwa mwalimu. Alifundisha Kiingereza miaka sita katika sekondari ya mtu binafsi huko Mbagala. Mwaka wa sita, walimu walirudi kutoka likizo wakakuta geti limepakwa rangi mpya na ndani kumejaa mifuko ya saruji. Hakuna aliyewaambia kitu. Wanafunzi walikuja na sare zao, wakasimama nje na masanduku kichwani, wakamtazama Mwalimu wao kama vile yeye ndiye aliyeuficha ubao. Nchi hii ina namna yake ya kuwafungia vijana milango: haiibamizi kwa kishindo, inaipaka rangi. Ansbert hakulisema hilo kwa mtu. Alitafuta kazi nyingine, na kwa kuwa Kiingereza alikuwa nacho na mdomo alikuwa nao, akaangukia kwa Manan. Jina la Mwalimu halikumwacha.

Mwaka jana Manan alimletea mfululizo wa filamu nne, zilizokuwa zikiingia nchini moja baada ya nyingine. Hadithi yenyewe ilikuwa hivi. Kuna mji wa mbali, mwaka hautajwi. Kila mwaka wakubwa wa mji ule huchagua watoto arobaini, wa miaka kumi na mitatu hadi kumi na minane, wakawashusha katika mgodi wa chumvi uliochimbwa miaka mia tatu hadi hakuna tena anayeijua ramani yake. Vichochoro vinaingiana, ngazi zinaishia ukutani. Kisha maji ya bahari yanafunguliwa kutokea chini, tabaka kwa tabaka, na watoto wanatafuta njia ya kutokea juu huku wakubwa wakiwatazama kwenye skrini na kuwekeana dau. Anayetoka anaambiwa atapewa nyumba. Hajawahi kutoka mtu.

Watoto wale hawakuwa na majina. Walishonewa namba mgongoni.

Dakika ya tano tu ya sehemu ya kwanza, Ansbert alikwama. "Kumi na Nne anamwambia Thelathini na Moja wamfuate Tisa," alisema kwenye maiki, akajisikia anasoma matokeo ya bahati nasibu. Akasimamisha. Alikaa kidogo na taulo lake. Wazungu waliotengeneza filamu ile walikuwa na sababu yao: namba zilitoka kwa walewale waliowashusha watoto. Hata hivyo, mtoto wa mtu kuitwa Kumi na Saba kulimkera, kwa sababu alikuwa amewahi kuita mahudhurio. Akabonyeza tena kitufe.

"Sasa wapendwa watazamaji, hawa wakubwa hawana adabu. Wamewanyima watoto majina. Sisi tutawapa."

Akawapa majina ya mtaani kwake. Kijana mnene, mwenye mabavu, aliyekuwa akivunja milango kwa bega, akawa Bakili, jina la kuli wa mkokoteni kutoka Newala aliyekuwa akiegesha pale chini. Msichana aliyejua kuzisoma alama za wachimbaji wa zamani ukutani akawa Sejal, jina la dada yake Manan aliyekuwa chuoni. Na yule mwembamba, mkimya, mwenye miguu mirefu, aliyebeba taa mbele ya wenzake, namba kumi na saba, akamwita Hillary.

"Huyo hapo Hillary!" alisema siku ile. "Mtoto wa Mama Hillary wa Narung'ombe! Tazameni anavyoshuka ngazi, utadhani katumwa vocha!"

Alisema bila kufikiri, kama mtu anavyomrushia jirani salamu. Heshima ilikuwa ndiyo hiyo.

Sehemu ya kwanza ilipotoka, mtaa ulicheka wiki nzima, maana mwishoni Bakili aliangukiwa na mwamba wa chumvi. Kuanzia Jumamosi ile Bakili mwenyewe hakuwa na amani.

"Marehemu, sogeza mkokoteni!" walimpigia kelele.

"Marehemu anadai chai? Peponi hakuna chai?"

Bakili aliwajibu akiwa amevaa kofia yake ya sufi, jua la saa saba likimchoma. "Mimi nimekufa nikiwa nimebeba mlango. Nyie mnakufa mmelala. Mwalimu, nakushukuru, umenizika kiume."

Manan naye alimvizia Ansbert kwenye ngazi. "Mwalimu, mimi sina neno. Ila dada yangu akifa humo ndani, mama yangu atapanda mwenyewe hiyo ghorofa ya tatu. Na ana miguu mibovu. Fikiria hiyo hasira."

"Sijui mwisho, bosi. Unanijua."

"Ndiyo maana naogopa."

Mama Hillary alikuwa mama lishe. Jina lake hasa ni Hyasinta Ndunguru, mtu wa Mbinga, na jiko lake lilikuwa kwenye uchochoro kati ya jengo lao na la jirani: mabenchi matatu, masufuria manne, ugali, maharage, na dagaa wa Nyasa aliotumiwa na kaka yake Athanas. Makuli walikula kwake, Ansbert alikula kwake, na kutwa nzima uchochoro uliita, "Mama Hillary, ongeza mchuzi! Mama Hillary, maji!" Hivyo jina la kijana lilitajwa mara mia kwa siku, ingawa mwenyewe hakuwapo.

Hillary alimaliza kidato cha nne akiwa na miaka kumi na minane. Alibeba mizigo Kariakoo mwaka mmoja, kisha akaondoka na wenzake wawili kupitia Mtwara, kwenda Afrika Kusini kwa njia za panya. Ujumbe wake wa mwisho ulisema wamefika Nampula, Msumbiji, wanaendelea. Ilikuwa imepita miaka minne. Wale wawili nao hawakuonekana. Wazazi wa mmoja walikwisha kusomesha misa, wakanyoa, wakamaliza. Athanas alimpigia dada yake simu kila mwaka kumshauri afanye hivyo hivyo, na kila mwaka simu ilikatwa kabla hajamaliza.

Mtaa wote ulijua namna Mama Hillary alivyompokea mtu aliyemwambia pole. Alimtazama usoni, mwiko mkononi.

"Pole ya nini? Mtoto yuko safarini."

Baada ya muda watu waliacha kusema.

Mwanzoni Ansbert aliogopa kwamba amevuka mpaka. Bakili ndiye aliyepeleka simu yake pale jikoni, akaiegemeza kwenye kopo la chumvi, akamwonyesha Mama Hillary kipande cha ngazi na vocha. Mama Hillary alifuta mikono kwa kanga. Alitazama hadi mwisho, akasema, "Rudisha." Akatazama tena. Kisha akacheka, na hakuna aliyekuwa amemsikia akicheka hivyo.

"Ndivyo anavyoshuka hasa! Hashiki pembeni. Nimemkemea tangu mdogo."

Tokea siku ile alianza kumzungumzia kijana wake wazi, kama mama mwingine yeyote. Sehemu ya pili, Hillary alipowavusha wenzake kwenye shimo kwa kamba aliyoisuka kwa mashati, mama alisema: "Kusuka anajua, alikuwa akinisukia nywele." Sehemu ya tatu, alipomgawia mtoto mdogo tone la mwisho la maji yasiyo ya chumvi, alikataa: "Hapo sasa mmemsingizia. Hillary na chakula? Angekunywa kwanza." Makuli walicheka hadi wakapaliwa na dagaa. Na kila mchana Ansbert aliposhuka, kabla ya kupakuliwa, alisikia swali lilelile.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, Mwalimu. Mwanangu anaendeleaje?"

"Anaendelea vizuri, mama."

Muuzaji wa Tunduma alipiga simu kuuliza lini itatoka "ile ya Hillary". Filamu ilikuwa na jina lake refu la Kiingereza. Tokea Kariakoo hadi mpakani hakuna aliyelitumia.

Sehemu ya nne, ya mwisho, ilifika Jumatatu. Manan alitaka iwe tayari Alhamisi, kwa sababu mabasi ya mikoani ya Ijumaa alfajiri ndiyo yaliyobeba mizigo yake. Jumanne saa nne asubuhi Ansbert alifunga mlango, akazima feni na kuanza.

Ilimwendea vizuri dakika arobaini. Watoto walikuwa wamebaki kumi na mmoja. Sejal alikuwa amesoma alama ya mwisho, na mbele yao palikuwa na geti la chuma lililofunguka kwa gurudumu. Gurudumu likiachiwa, geti linashuka. Maji yalikuwa magotini. Kumi na Saba aliikabidhi taa kwa mtoto mdogo, akalishika gurudumu kwa mikono miwili, na mdomo wa Ansbert ulikuwa bado unakimbia.

"Hillary anashikilia! Shikilia, mwana wa Mbinga! Pita, pita, Sejal pita, huyo mdogo naye apite, sasa Hillary atafute kitu cha kuliegemeza lile gurudumu, atafute jiwe, kuna jiwe hapo, kwa nini hachukui..."

Hakukuwa na jiwe. Maji yalifika kifuani, kisha kidevuni. Kumi na Saba aligeuza shingo, akawaambia wenzake maneno mawili ya Kiingereza upande wa pili wa geti, na maji yakampita. Kamera ilikaa naye. Macho yake yalikuwa wazi.

Kwenye rekodi hapo pana kimya cha sekunde hamsini. Kisha inasikika chupa ya chai ikianguka.

Kwa mara ya kwanza katika kazi yake Ansbert alirudisha filamu nyuma. Aliitazama tena mara tatu, akitafuta mahali ambapo kijana angeweza kuwa hajafa. Akashuka kwa Manan.

"Sema kapitia mlango mwingine," alisema Manan, akiipunguza sauti ya redio.

"Picha inaonyesha macho, bosi. Chini ya maji."

"Basi sema huyu siye. Sema ni pacha wake."

Manan mwenyewe aliona aibu, akaanza kuzipanga flashi zilizokwisha kupangwa.

"Mwalimu, mimi natania tu. Lakini Ijumaa ni Ijumaa. Watu wa Songea wanaingoja."

Mzee Kanubhai aliliteremsha gazeti. "Nani amekufa?"

"Hakuna, baba. Ni mambo ya sinema."

"Hm," alisema mzee, akamtazama Ansbert muda mrefu kuliko sinema inavyostahili.

Saa saba Ansbert alishuka kula kwa sababu asingeshuka angeulizwa. Alisalimia. Akaitikiwa. Akaulizwa.

"Anaendelea, mama."

Bakili alimwona anaumega ugali na kuurudisha sahanini. "Mwalimu, leo ugali haushuki. Kuna msiba huko juu?"

Watu wakacheka. Mama Hillary hakucheka. Alikuwa anakoroga maharage, na mkono ulipunguza mwendo.

"Hii si ndiyo sehemu ya mwisho?"

"Ndiyo ya mwisho, mama."

"Basi atatoka," alisema, akampakulia mtu mwingine.

Alasiri ile Ansbert alirekodi uongo. Alisema Hillary amezimia tu. Kwamba kule chini kuna wavunaji wa chumvi, watu wema, watamchukua na kumtoa kwa mlango wa pwani, na sasa hivi yuko mahali anafanya kazi, hana simu tu. Alipojisikiliza, aliitambua sauti. Ilikuwa ya mkurugenzi wa shule ya Mbagala, siku ya mwisho kabla ya likizo, akiwaambia walimu kwamba mambo yote yanaendelea vizuri. Tena ilikuwa mbaya zaidi ya hapo, kwa sababu kila neno alilitoa jikoni kwa Mama Hillary: hana simu tu, yuko mahali, atatoka. Angemuuzia uongo wake mwenyewe kwenye flashi, na Mama Hillary angeutazama kwa macho yake mwenyewe, akaona kijana amekufa na mtu anasema hajafa. Ndivyo alivyoishi miaka minne. Akaufuta.

Angeweza pia kumvua jina kimyakimya. Kuanzia kwenye gurudumu aseme "Kumi na Saba", aache namba izame. Alilifikiria hilo usiku kucha nyumbani Tabata, na asubuhi aliona bado ni wazo la mtu anayetaka kukimbia.

Jumatano saa tisa alasiri, jiko lilipokuwa limepoa na masufuria yanaoshwa, alimfuata.

"Mama, naomba upande juu na mimi. Mara moja tu."

Mama Hillary hakuwahi kupanda ngazi zile. Alimtazama, akaikung'uta mikono maji, akajifunga kanga vizuri. Ghorofa ya pili alisimama kupumua, akashika ukuta.

Ndani, Ansbert alimpa kiti chake, akawasha feni. Yeye akabaki amesimama.

"Mama, sehemu hii bado sijaisemea neno. Nataka uione kabla sijasema. Ukiniambia nisiiseme, siisemi, na Manan atafute mtu mwingine."

"Washa."

Aliwasha bila sauti. Mama Hillary aliinama mbele, viwiko magotini, kama mtu anayeangalia chungu kisifurike. Geti. Gurudumu. Watoto wakipita mmoja mmoja. Maji. Kumi na Saba akageuza shingo, mdomo ukacheza.

"Anasema nini?"

"Anawaambia wenzake, mama."

"Naona anawaambia wenzake. Anasema nini?"

Hapo Ansbert alikuwa na uhuru wote duniani. Hakuna mtu Narung'ombe, na pengine hakuna Songea nzima, ambaye angemkosoa. Angeweza kumfanya kijana amtaje mama yake. Angeweza kumfanya amwombe Mungu.

"Anasema, 'Msinisubiri.'"

Maji yakampita. Ansbert akaisimamisha picha. Adhana ya alasiri ilikuwa imeanza, na wote wawili waliingoja hadi ikaisha, kama inavyofanyika chumbani mle siku zote.

"Rudisha," alisema Mama Hillary.

Akarudisha.

"Maji yale ni ya baridi?"

"Sijui, mama. Ni ya bahari."

"Ya bahari hayana baridi sana." Aliendelea kutazama. "Wale wenzake walisubiri?"

"Hapana. Walikwenda. Walitoka wote kumi."

Aliitikia kwa kichwa. Kisha akageuka, na sauti ilikuwa ile ya jikoni, ya mwanamke anayemkemea kuli aliyeruka foleni.

"Mwalimu. Ulimpa jina la mwanangu bila kuniuliza."

"Ndiyo, mama. Nilikosea."

"Ulikosea. Si mchezo kutaja mtoto wa mtu."

"Nisamehe, mama. Naweza kulitoa. Kuanzia hapa nitasema namba..."

"Ulitoe?" Alisimama. "Mtoto akivusha watu kwa kamba ni Hillary, akifa ni namba? Wanaokufa bila jina wako wengi, Mwalimu. Huyu ana mama." Alikaza fundo la kanga. "Usimnyang'anye sasa. Useme lote. Hillary Ndunguru, mtoto wa Hyasinta, mtu wa Mbinga. Na hilo alilosema, liseme hivyohivyo. Usiongeze."

"Sitaongeza."

"Naenda kununua mkaa kabla hawajafunga," alisema, akashuka ngazi peke yake, ameshika ukuta.

Ansbert alizima feni. Akairekodi sehemu ile mara moja. Aliyeisikia baadaye alisema kwamba Mwalimu hakupiga kelele yoyote, hakusema Mungu wangu, hakusema wapendwa watazamaji. Alisema jina lote, akasema la mama, akasema mahali. Akasema, "Msinisubiri." Kisha akaiacha filamu iendelee yenyewe hadi watoto kumi walipolifikia jua, na ndipo akaanza kuwataja mmoja mmoja wakitoka, polepole, kama mahudhurio.

Flashi ziliondoka Ijumaa alfajiri. Narung'ombe waliitazama Jumamosi na Jumapili.

Jumatatu mchana mabenchi yalijaa mapema, na walikuwa wakila bila maneno. Ansbert alikuwa kwenye benchi la ukutani. Mama Hillary alipakua kama kawaida, ila watu walitamka "maji" na "mchuzi" bila kumtaja kwa jina, kwa sababu hawakujua kama bado linatajika. Ndipo Bakili akaja na mkokoteni wake mtupu, akauegesha. Kila mtu alijua utani uliokuwa unamfaa. Alikuwa na haki nao kuliko wote: karibu kwenye chama cha marehemu, karibu mwenzangu. Kuna kijana mmoja benchini alikwisha kutabasamu akiusubiri.

Bakili alivua kofia yake ya sufi. Kichwa chake, ambacho hakuna aliyewahi kukiona, kilikuwa na mvi.

"Mama Hillary," alisema. "Pole na msiba."

Kijiko cha mtu kiligonga sahani. Mama Hillary alimtazama Bakili usoni, mwiko mkononi, na wote waliijua sentensi iliyofuata. Ansbert aliinamisha macho kwenye maharage yake.

"Asante, baba," alisema Mama Hillary. "Nimeshapoa."

Bakili alibaki amesimama na kofia kifuani. Kijana aliyetabasamu aliinuka akasema pole, akajibiwa. Akainuka mwingine. Walikwenda mmoja mmoja kupita mbele ya jiko, makuli, wauza mabegi, mwanamke wa chapati wa uchochoro wa pili, na kila mmoja alijibiwa yaleyale kwa sauti ileile, bila haraka, hadi mzee Kanubhai akatokea kutoka dukani. Alikuwa amebadili shati, amevaa jeupe, rangi ya msiba kwao. Hakuwahi kukanyaga uchochoroni kula, na leo pia hakuja kula. Alikutanisha viganja kifuani, akainama, akakaa mwisho wa benchi, Manan nyuma yake amesimama.

Mama Hillary aliufunika ugali, akalitoa sufuria la maharage motoni.

"Leo sipiki tena," alisema. "Bakili, nipigie Athanas. Mwambie aniandalie misa, nakuja."

Kisha akamgeukia Ansbert, ambaye ndiye pekee aliyekuwa bado ameketi na sahani mkononi.

"Na wewe je?"

Ansbert aliinuka. Mdomo ule uliosimulia filamu mia nne ulichukua muda.

"Pole na msiba, mama."

"Nimeshapoa, Mwalimu. Hebu liondoe hilo benchi, watu wapate pa kutandika mkeka."